Mama na Mwanamke wa Chumvi

Kila Jumapili ya kwanza ya mwezi, mchungaji wetu akianza kufunua kile kitambaa cheupe juu ya Meza ya Bwana, mama yangu alikuwa anainuka taratibu na kwenda jikoni kupika chai. Ushirika wetu wa Kiswahili ulikuwa unaazima ukumbi mdogo pale Husby, mtaa mmoja wa Stockholm, na jiko lilikuwa nyuma, lenye kidirisha kinachofunguka ukumbini. Mkate ulikuwa unapita, kikombe kinapita, na mama anatwanga tangawizi. Watu walimsifu, wakasema mama huyu ana moyo wa huduma. Mimi nilijua huduma haihusiki hapo. Mama yangu alikuwa anajificha.

Nieleze mapema, nisije nikaonekana mtoto mwenye mdomo. Tulipokimbia Burundi nilikuwa na miaka mitano. Dada yangu, kifungua mimba, alikuwa na tisa, na juma lile alikuwa kwa bibi yetu, ng'ambo ya bonde. Asubuhi mapema mama akanifunga mgongoni, ingawa nilikuwa mkubwa wa kutembea, tukaondoka na majirani. Njia ya kwenda kwa bibi ilikuwa imeshafungwa na watu wenye mapanga. Tulipofika juu ya kilima wakasema asigeuke mtu, twendeni. Mama akageuka. Nakumbuka vizuri kwa sababu nilikuwa mgongoni kwake: yeye alipotazama tulikotoka, mgongo wake ulinikinga, nami nikageuza shingo kutazama tunakokwenda. Niliona migomba na migongo ya watu.

Kambini Tanzania alizunguka miezi mingi akiulizia. Wa kwa bibi hakufika hata mmoja. Mwishowe akamfuata mhubiri mmoja pale kambini akamweleza yote, mpaka kule kugeuka. Yule bwana akayafanya mahubiri. Mbele ya watu wote, chini ya turubai, akamsimamisha mama yangu na kumlinganisha na mke wa yule mtu aliyetolewa na malaika katika mji uliokuwa unakwenda kuteketezwa. Walikatazwa kutazama nyuma, mwanamke akatazama, akawa nguzo ya chumvi. Alikuwa anatamani mali yake, mhubiri akasema, vyungu vyake na nguo zake. Na mtu aliyetazama nyuma asimdai Mungu mtoto. Mama akaketi. Tangu siku ile hakugusa mkate wa Meza, wala hakulitaja tena jina la dada.

Kwetu mwanamke huitwa kwa jina la mtoto wake wa kwanza. Tulipohamishiwa Stockholm hakuna aliyejua habari za dada, kwa hiyo ushirikani wakamwita Mama na jina langu mimi, na yeye akaitika. Miaka yote ile nikawa kifungua mimba wa uongo. Nilikuwa naona aibu kila nikisikia, kama mtu aliyevaa kiatu cha mwenzake.

Mimi nina hasira za karibu, kila anayenifahamu atakwambia. Nilipokuwa na miaka ishirini na kidogo, nikiishi Märsta na kusafisha ndege pale uwanjani, nilikuwa nikimkumbuka yule mhubiri nasugua meza za abiria mpaka mwenzangu ananiuliza meza zimenikosea nini. Lakini hasira peke yake haimtoi mtu jikoni. Nilikuwa nimeisoma ile hadithi kwa Kiswahili, kwa Kirundi, kwa Kiswidi, na kila mara nilisikia sauti ya mhubiri juu yake. Nikajiuliza: na huko ilikoandikwa kwanza, inasemaje?

Ilikuwa elfu mbili na nane hivi. Nilikuwa nimekwenda Spånga kumwona rafiki, na pale maktaba nikakuta tangazo ubaoni. Kundi la kusoma Maandiko kwa Kiebrania cha kale, wanaoanza wanakaribishwa, kila Jumanne saa kumi na moja jioni. Waswidi wana kundi la kusoma kila kitu, kuanzia uyoga mpaka kufuma soksi, kwa hiyo sikushangaa. Nikachana kile kikaratasi chenye namba ya simu. Nikasema, hili neno lililomfunga mama yangu nitalifuata mpaka nyumbani kwao.

Tulikuwa saba. Sita walikuwa wastaafu wa Kiswidi waliokuja na penseli zilizochongwa, na mimi niliyekuja na jaketi la kazini. Mwalimu alikuwa mzee wa Kiyahudi, fundi saa mstaafu, mzaliwa wa Stockholm hii hii, mwenye kidole gumba kilichopinda kwa sababu ya kazi. Alifundishwa na babu yake akiwa mdogo. Kila akifunga kitabu alikuwa anakibusu, kisha anakiweka mezani polepole. Siku ya kwanza nilimwangalia nikasema moyoni, huyu tutaelewana.

Herufi ni ishirini na mbili na zinakwenda kutoka kulia. Nilijifunza ndani ya ndege. Herufi moja kwa kila safu ya viti. Nikitoa vikombe na magazeti mifukoni mwa viti natamka ya kwanza, nikihamia safu ya pili natamka ya pili, na nikifika safu ya ishirini na mbili nimemaliza na ninaanza upya. Mwenzangu akadhani nimepagawa. Baada ya miezi michache nikaanza kusoma maneno, nikiyavuta moja moja kama mtu anayetoa nyuzi kwenye maharage. Furaha niliyokuwa nayo siwezi kuificha. Watu waliolala mavumbini maelfu ya miaka, na mimi niko kwenye treni ya Märsta nimewashika maneno yao mkononi.

Sasa, mzee alikuwa na namna yake ya kusomesha. Hakusimama mbele. Alitugawa wawili wawili, kila wawili kitabu kimoja. Mmoja anasoma kwa sauti na kusema anavyoelewa, mwenzake kazi yake ni kumpinga. Si kumsikiliza, kumpinga. Alisema babu yake alimfundisha hivyo, na babu wa babu yake, na kwamba chumba cha watu wanaosoma vizuri kinatakiwa kisikike mpaka barabarani. Waswidi maskini walikuwa wanapingana kwa kunong'ona. Na kwa kuwa tulikuwa saba, mimi nikabaki bila mwenza, mzee akasema, basi wewe utasoma na mimi.

Hapo ndipo nilipoharibu. Huyu ni mtu wa miaka sabini na kitu, mvi tupu, na ni mwalimu wangu. Kwetu mtoto hambishii mzee mezani. Ukimbishia, wanauliza umelelewa na nani. Kiswidi hakina shikamoo, kila mtu ni wewe na wewe, kwa hiyo heshima yote niliyokosa pa kuiweka niliiweka kwenye kukubali. Akisema hiki, nasema ndiyo. Akisema kile, ndiyo, na ninaandika kwenye daftari. Miezi minane niliitikia ndiyo, na nilijiona mwanafunzi bora kuliko wote.

Jumanne moja tukiwa tunasoma habari za yule baba aliyeitwa aache nchi yake aende asikokujua, mzee akanieleza, bila kucheka, kwamba baba yule alikuwa na punda aliyezungumza, na kwamba punda ndiye aliyemwonyesha njia. Mimi nimekulia shule ya Jumapili. Yule punda ni wa hadithi nyingine kabisa, ya mtu mwingine, mbali huko mbele. Nilijua. Nikasema ndiyo, nikaandika: punda alimwonyesha njia.

Mzee akavua miwani. "Ulijua si kweli?"

"Nilijua."

"Sasa kwa nini umeandika?"

"Kwa sababu wewe ni mzee," nikamwambia.

Hakucheka. Afadhali angecheka. Akafunga kitabu, akakibusu, akaenda kukaa dirishani. Akasema kwa sauti ya mtu aliyechoka, "Miezi minane nasoma na ukuta. Nilidhani nimepata mwenzangu." Wale Waswidi wakaacha hata kunong'ona. Nilichukua jaketi langu nikatoka, na kwenye treni nililia, nusu kwa aibu na nusu kwa hasira, maana nilimpa heshima yangu yote na yeye kaitupa kama ganda la ndizi.

Wiki mbili sikwenda. Ya tatu nikakumbuka kwamba watu wetu wenyewe wanasema heshima si utumwa, nikapanda treni. Nikamkuta anapanga viti. Nikamweleza: kwetu kuna salamu, shikamoo, mdogo anampa mkubwa, na mkubwa anaitikia marahaba. Nikamwambia, mimi siwezi kukupinga bila kwanza kukuheshimu, itanikaa kooni. Basi nikifika nitakupa shikamoo, wewe utaitikia, na hapo deni la heshima limekwisha. Kinachofuata ni vita. Akalifikiria sana lile jambo, akisugua gumba lake. Akajaribu kusema marahaba na akaivunja vipande. Tukairudia mpaka ikakaa.

Tangu siku hiyo chumba chetu kikaanza kusikika barabarani. Nilimpinga kuhusu yule ndugu aliyemuua nduguye, nikampinga kuhusu safina. Mara nyingi alinigaragaza, maana alikuwa na vitabu vya walimu wa kale na mimi nina mdomo tu. Lakini alinifundisha kitu ambacho sikukipata kwa mhubiri yeyote. Kila nikisema jambo, alikuwa ananiuliza: hilo limeandikwa, au limejibiwa na waliosoma kabla yako, au ni lako? Yote matatu yanaruhusiwa, alisema, ila usiyachanganye chungu kimoja na kuwaambia watu ni mboga moja.

Ile hadithi ya mji wa moto tuliifikia msimu wa pili wa baridi. Sikuwa nimemwambia mzee ni nini kilichonileta. Nikampa shikamoo, akaitikia, nikasoma. Mstari wa yule mwanamke ni mfupi ajabu. Maneno sita tu. Alitazama, akawa nguzo ya chumvi, basi, hadithi inaendelea na safari yake. Nikausoma tena. Nikatafuta vyungu. Nikatafuta nguo. Nikatafuta pale Mungu anapomkasirikia, mstarini mwenyewe, juu yake, chini yake.

"Alitamani mali yake," nikasema, kwa sauti ya yule mhubiri.

"Limeandikwa, limejibiwa, au ni lako?"

"Halikuandikwa," nikasema.

Mzee, kwa kuwa ndiyo kazi ya mwenza, akashika upande wa pili. Waliambiwa wasitazame. Akatazama. Kosa ni kosa, unataka nini zaidi? Akalisema kavu kabisa. Nikapiga meza. Nikamwambia, mzee, hapo umekosea, tena umekosea vibaya, hata hujauliza alikuwa anamtazama nani. Mwanamke hageuki kwenye moto kutazama sufuria. Nikarudi nyuma mistari kadhaa, nikawa natafuta kwa kidole, na wale Waswidi sita wamenikodolea macho. Na ipo. Kabla ya kutoka, yule mume anakwenda kuzungumza na wakwe zake, waliooa binti zake, nao wanadhani anatania. Kisha malaika wanamwambia amchukue mkewe na mabinti wawili waliopo pale.

"Wakwe," nikamwambia mzee. "Wanaume waliooa. Walimwoa nani? Hawa wawili waliotoka nao hawajaolewa, baba yao ameshasema mwenyewe hapo juu. Mkwe haji bila binti. Kuna mabinti wengine walibaki mjini."

Mzee akasema taratibu kwamba wako waliouliza hivyo hivyo kabla yangu. Jumanne iliyofuata akaja na kitabu kilichochakaa, akanionyesha. Walimu wa kale, karne nyingi zilizopita, walihesabu mabinti kama nilivyohesabu. Wakasema yule mama alishikwa na huruma, akageuka kuona kama binti zake wanamfuata au hawamfuati.

"Lakini kumbuka," mzee akasema, "hili ni jibu. Halimo mstarini. Wako waliojibu vingine, tena kwa ukali."

"Najua," nikasema. Ndipo nikamweleza habari za mama yangu, zote, mpaka chai. Alisikiliza hadi mwisho. Hakutoa ushauri. Alikwenda kwenye mashine ya maktaba akanitolea kivuli cha ule ukurasa, na cha ukurasa wa Maandiko wenyewe.

Jumamosi nikaenda Husby. Mama alikuwa anapika sombe, majani ya muhogo, ile ya kuganda ya dukani, anailalamikia kama kawaida kwamba imetwangwa na mtu mvivu. Nikaweka karatasi mezani, nikaanza kumhubiria. Nilikuwa nimeyapanga maneno kwenye treni, mazuri kweli, na yote yakagonga mwamba. Mama hakuinua hata uso. Akasema, "Mwanangu, usiniletee Biblia mpya. Mtumishi wa Mungu alishasema." Nikapandisha sauti, na yeye akapunguza moto, ishara kwamba mazungumzo yamekwisha. Nikakaa pale nimenuna kama mtoto.

Halafu nikakumbuka punda.

Nikavuta karatasi, nikaanza kusoma Kiebrania kwa sauti, polepole, kisha nikaeleza kwa lugha yetu, kama ninajisomea. Nikafika kwa yule mwanamke. Nikasema, "Huyu mama hakuwa na mtu kule nyuma. Watoto wake wote alikuwa nao njiani. Alikuwa anasikitikia vyungu tu."

Mwiko ukasimama. Mama yangu hii hadithi anaijua kuliko sala ya chakula. Ameiishi miaka kumi na saba.

"Alikuwa na wakwe," akasema.

"Wakwe tu."

"Wakwe tu vipi? Wewe umesoma nini huko Spånga? Mtu anakuwaje na wakwe hana..." Nilimwona midomo inahesabu. Hawa wawili njiani. Wale wa wale waume. Akazima jiko, sombe haijaiva, kitu ambacho mama yangu hajawahi kufanya maishani mwake, akavuta kiti akaketi mbele yangu. Akaweka kidole kwenye karatasi, kwenye maandishi asiyoweza kuyasoma.

"Vyungu viko wapi hapa?"

"Havipo, mama. Havikuandikwa."

"Ni nani aliyevileta?"

Alijua ni nani. Tulikaa hivyo, nje watoto wanapigizana kelele kwa Kiswidi kwenye theluji, na mimi nikamweleza kile walimu wa kale walichojibu, na kwamba ni jibu tu, la watu. Akatikisa kichwa. Kisha akaniuliza swali ambalo mimi, mzee na wale walimu wote hatukuwa tumeliuliza.

"Aliwaona?"

"Haikuandikwa."

Mama akatazama mikono yake. "Mimi nilimwona," akasema. "Alikuwa amesimama uani kwa bibi yako, na lile gauni la njano. Nikamwona na yeye akaniona. Akanipungia mkono. Hakuwa analia. Nisingegeuka nisingemwona." Akalitaja jina la dada yangu, mara moja, kisha mara ya pili, kama mtu anayejaribu ufunguo wa zamani. Nililia mpaka nikashindwa kupumua. Nilikuwa mgongoni kwake siku ile, dada yangu alimpungia mama na pengine na mimi, na mimi nimegeuza shingo naangalia migomba.

Sombe tulikula jioni, imekaa vibaya. Mama akanifungia nyingine kwenye kopo, ya kumpelekea mzee mwalimu wangu, akasema hajaweka nyama wala samaki maana hajui watu wale wanakula nini.

Jumapili ya kwanza ya mwezi uliofuata nilikaa kiti cha mbele. Mchungaji akafunua kitambaa. Nilijikaza nisitazame jikoni, nikashindwa, nikageuka. Kidirisha kilikuwa kimefungwa. Mama alikuwa ameketi kwenye safu yake, mikono imefunguka magotini, na mkate ulipomfikia akaumega.

Ibada ilipokwisha, chai hakuna. Mama mmoja wa Kikongo, mtu wa utani, akamwendea akamwita kwa jina langu kama siku zote, akamuuliza leo anataka kuwaua kwa kiu. Mama akamwambia chai inakuja. Halafu akamshika mkono, akamwambia wamekuwa wakikosea kumwita, na kwamba yeye ni Mama wa fulani, akalitamka jina la dada yangu wazi, watu wote wakasikia. Yule mama wa Kikongo akalirudia, kulijaribu mdomoni. Na mimi kwenye kiti changu cha mbele nikawa mtoto wa pili, kwa mara ya kwanza tangu nilipokuwa na miaka mitano.